Tuktu na mbwa wake: kipi cha kweli, kipi cha kutungwa?

SWALI: Sisi tunatoka Mwanza, siku hizi tunaishi Winnipeg, Kanada. Mwanangu wa darasa la nne ameonyeshwa shuleni filamu fupi za zamani za mvulana wa Kiinuit, wale wenyeji wa asili wa kaskazini ya mbali ya Kanada, anayeitwa Tuktu, na mbwa wake. Amezipenda mno, na sasa ananiuliza kama tukienda kaskazini tutamkuta Tuktu kwenye nyumba yake ya theluji. Mimi nina wasiwasi. Nakumbuka filamu za wageni kuhusu Wamasai, kila mtu kasimama kwa mguu mmoja na mkuki mkononi kana kwamba hakuna hata duka la sukari karibu. Je, haya ya Tuktu ni kweli au maigizo? Na wale mbwa walikuwa kweli wanafanya zile kazi?

JIBU: Dada yangu, wasiwasi wako una msingi, ila usimnyang'anye mtoto filamu zake. Ukitaka jibu la haraka ni hili: mikono unayoiona ikifanya kazi ni ya kweli, sauti inayosimulia ndiyo ya kutungwa. Jibu refu linanilazimu nikueleze picha hizo zilipigwa wapi, na nani, na kwa fedha za nani.

Filamu za Tuktu ziko 13, kila moja ya dakika kama 14. Zilitolewa kati ya 1966 na 1968 na National Film Board of Canada, shirika la filamu la serikali ya Kanada, zikaonyeshwa sana madarasani kwa zile projekta za mikanda zilizokuwa zikinguruma nyuma ya darasa. Aliyezitengeneza ni Laurence Hyde, mzaliwa wa Uingereza aliyehamia Kanada akiwa mtoto. Wapenda sanaa wanamjua zaidi kwa kitabu chake cha 1951, Southern Cross, hadithi nzima isiyo na neno hata moja, ya picha za kuchongwa kwenye mbao, kuhusu majaribio ya bomu la atomiki katika visiwa vya Pasifiki. Nalitaja hilo kwa sababu Hyde alikuwa mtu wa kupanga picha zikatoa hadithi, na hapa alifanya kazi hiyo hiyo kwa picha zilizokwisha kupigwa na watu wengine.

Picha zenyewe zilipigwa kati ya 1963 na 1965 sehemu za Pelly Bay, mahali ambapo tangu 1999 panaitwa rasmi Kugaaruk, katika eneo la Nunavut, mbali kaskazini. Wenyeji wake ni Wanetsilik, moja ya makundi ya Wainuit. Wataalamu waliosimamia walikuwa wawili: Asen Balikci, mwanaanthropolojia aliyezaliwa Istanbul kwa wazazi wa Kibulgaria, na Guy Mary-Rousselière, padri wa Kifaransa aliyeishi na Wainuit miaka mingi na kuijua lugha yao. Mwongozaji alikuwa Quentin Brown. Fedha nyingi zilitoka Marekani, kwenye mfuko wa serikali wa sayansi, kwa sababu picha hizo zilikusudiwa somo jipya la shule za msingi za huko. Nitalirudia somo hilo, maana lilileta kizaazaa.

Sasa hapa ndipo penye jibu la swali lako la kwanza. Watu unaowaona kwenye filamu hawakuwa wakiishi hivyo mwaka 1963. Bunduki walikuwa nazo kwa miongo kadhaa. Walikuwa na mahema ya turubai, chai na tumbaku, na misheni ya Kikatoliki ilikuwa imefika pale tangu 1935. Balikci aliwaomba waoneshe maisha ya wazazi wao, kabla bunduki hazijaenea, yaani hali ilivyokuwa kwenye miaka ya 1910. Wakaziweka bunduki kando, wakavaa mavazi ya ngozi, wakatengeneza upya pinde, mikuki na vyusa.

Ni maigizo, basi? Kwa maana moja, ndiyo. Lakini wazee miongoni mwao walikuwa wameyaishi mambo hayo utotoni, na waliokuwa vijana walikuwa wamefundishwa na wazee hao. Hakuna aliyewaandikia la kusema. Nyumba ya theluji ikijengwa, watu walilala ndani yake. Samaki akichomwa mkuki, aliliwa. Na baridi ya kule haiigizwi. Linganisha na Nanook of the North, filamu ya Robert Flaherty ya 1922 ambayo bado inatajwa kama mama wa filamu za aina hii. Flaherty aliijenga nyumba ya theluji yenye nusu tu ya ukuta ili kamera ipate mwanga, familia ikajifanya inalala humo huku upepo unawapiga. Shujaa wake, ambaye jina lake halisi lilikuwa Allakariallak, alioneshwa akiing'ata sahani ya santuri kana kwamba hajawahi kuona gramafoni. Ile ni dhihaka iliyovikwa koti la elimu. Kwenye picha za Pelly Bay hutaona kitu kama hicho, na kwangu mimi tofauti hiyo ni kubwa.

Nikuoneshe mfano mmoja kwa karibu, ambao mwanao huenda ameuona bila kujua thamani yake. Nchi ya Wanetsilik haina miti. Mbao za kutengenezea sleji, lile gari lisilo na magurudumu linaloburutwa juu ya theluji, hazikuwa rahisi kupatikana. Basi walifanya hivi: wanachukua ngozi za hema lililotumika wakati wa kiangazi, wanaziloweka mpaka zilainike, wanapanga juu yake samaki mmoja nyuma ya mwingine, kichwa kwa mkia, kisha wanaviringisha na kufunga kwa kamba. Linaachwa nje. Usiku mmoja wa baridi ya kule unatosha kuligandisha likawa gumu kama ubao. Wakipata mawili ya namna hiyo, hizo ndizo nyayo za sleji. Mataruma ya kuziunganisha ni pembe za kulungu wa kaskazini, zimefungwa kwa ugwe wa ngozi. Chini ya nyayo wanapaka tope la mboji, likiganda wanalilainisha, kisha juu yake wanapaka maji kidogo kidogo mpaka yafanye tabaka la barafu laini, na sleji inateleza. Majira ya joto yakirudi, gari linayeyuka: ngozi inarudi kwenye matumizi, samaki wanaliwa na watu au mbwa. Hakuna mwandishi wa hadithi za televisheni angeweza kubuni kitu kama hicho, na kama angebuni tungemcheka.

Tuje kwa mbwa. Watoto waliokulia Amerika Kaskazini kwenye miaka ya 1950 walikuwa wameshazoeshwa mbwa wa kaskazini wa aina nyingine. Kuanzia 1955 hadi 1958 televisheni ya CBS ilirusha Sergeant Preston of the Yukon, vituko vya askari polisi wa Kanada na mbwa wake Yukon King katika Yukon, eneo la kaskazini-magharibi mwa nchi hiyo, vilivyoanza kama mchezo wa redio huko Detroit mwaka 1938. King alikuwa anafanya kila kitu: anaongoza sleji, anamrukia mhalifu, anamnusuru bwana wake. Wafadhili, kampuni ya nafaka ya Quaker Oats, walitia ndani ya maboksi yao mwaka 1955 hati za umiliki wa ardhi ya Yukon, kila hati kwa inchi moja ya mraba. Hati milioni 21. Ardhi yote ikijumlishwa haikufika ekari 20, na mwaka 1965 serikali ya Kanada iliichukua kwa sababu ya deni la kodi lisilofika dola 40. Hadi leo kuna watu wazima wanaoandika barua kuulizia inchi yao. Hivyo ndivyo kaskazini ilivyouzwa kwa watoto: inchi moja moja, pamoja na kifungua kinywa.

Kwa Tuktu hakuna mbwa shujaa. Kuna kundi la mbwa, nao ni wafanyakazi. Filamu moja nzima kati ya zile 13 imewekwa kwa ajili yao. Wakati wa kiangazi, theluji ikishayeyuka, sleji haina kazi. Mbwa wanafungwa mifuko ya ngozi pande mbili za mgongo na kubeba mizigo familia inapohama kwa miguu kwenda bara kufuata samaki na kulungu. Wakati wa baridi wanavuta. Angalia wanavyofungwa: kila mbwa ana kamba yake mwenyewe iliyofungwa kwenye sleji, wanatapakaa mbele yake upana wote, si wawili wawili kwenye mstari mmoja kama wale wa Yukon. Sababu yake ni ardhi. Yukon ina misitu, na mbwa waliotapakaa wangenasa kila mmoja kwenye mti wake. Juu ya bahari iliyoganda hakuna mti, na barafu ikipasuka, mbwa mmoja akizama si lazima awavute wenzake wote.

Ila kazi kubwa ya mbwa wa Mnetsilik haikuwa kuvuta. Ilikuwa kunusa. Katikati ya baridi, chakula cha kila mtu ni sili, mnyama wa baharini anayepumua hewa kama sisi, na sili yuko chini ya barafu. Anaishi kwa kutoboa matundu ya kupumulia na kuyatunza yasizibe, naye ana matundu kadhaa. Matundu hayo yamefunikwa na theluji. Jicho la mtu haliyaoni. Mbwa ndiye anayeongozwa kwa kamba akipita juu ya barafu mpaka harufu imsimamishe. Hapo mwindaji anachokonoa theluji kwa kijiti kirefu, analipata tundu, anaweka kialama chepesi kitakachotikisika sili akija kuvuta pumzi, kisha anasimama ameinama, chusa karibu na mkono, bila kukanyaga hovyo, maana hatua moja inasikika chini. Anaweza kusimama hivyo saa nyingi. Na kwa kuwa sili ana matundu mengi, mwindaji mmoja peke yake ana bahati ndogo. Ndiyo maana familia nyingi zilikaa kambi moja juu ya barafu, kila mtu akilinda tundu lake. Sili akiuawa, nyama yake iligawanywa kwa utaratibu maalumu, kila kiungo na mtu wake. Shahamu yake ndiyo iliyowaka kwenye taa ya jiwe, na taa hiyo ndiyo ilikuwa jiko, na ndiyo ilikausha nguo. Mbwa asiponusa, taa haiwaki.

Wanetsilik hawakufuga mbwa wengi kwa familia moja. Mbwa anakula nyama ile ile anayokula mtoto. Hilo filamu hazilisemi, na hapa ndipo ninapoanza kuilaumu sauti.

Picha za asili za Pelly Bay, ambazo zilitolewa pia peke yake kama mfululizo wa filamu ndefu kuhusu Wanetsilik, hazina msimulizi kabisa. Watu wanazungumza lugha yao, hakuna tafsiri. Unasikia kisu kikikata theluji, mbwa wakilia, watoto wakicheka. Hyde alizikata, akaziunganisha, akampa mtoto jina la Tuktu, akamweka mwigizaji wa redio Tommy Tweed asimulie kwa Kiingereza kama mzee anayekumbuka utoto wake. Ni sauti nzuri, ya babu. Lakini babu huyo hayupo. Hajui mwaka. Hajawahi kumwona padri wala mfanyabiashara. Njaa haijawahi kubisha hodi kwake. Knud Rasmussen, mtafiti wa Denmark mwenye damu ya Kiinuit aliyefika kwa Wanetsilik mwaka 1923 kwa sleji ya mbwa, aliandika habari za majira ya baridi ambayo sili hawakupatikana na watu walikufa. Babu wa Hyde yeye anakumbuka michezo, samaki elfu kumi na nguo mpya. Mtoto anayesikiliza anabaki na watu wanaocheka daima, nje ya wakati, na ndiyo maana mwanao anatarajia kumkuta Tuktu leo. Kosa si lake.

Watu wazima nao walionesha jinsi wanavyoogopa upande ule mwingine. Lile somo la Marekani nililolitaja, lililobuniwa chini ya mwanasaikolojia Jerome Bruner, liliwapa watoto wa miaka kumi hivi filamu za Wanetsilik zisizo na msimulizi, pamoja na vijitabu vilivyogusia njaa na wazee walioachwa nyuma wakati wa kuhama. Wazazi wengine walikuja juu. Mwaka 1975 mbunge John Conlan wa Arizona alilipeleka suala hilo bungeni Washington, akidai watoto wanafundishwa kuacha maadili yao, na fedha za serikali kwa somo hilo zikakatwa. Hivyo Tuktu mwenye tabasamu akapita kila mahali, na ndugu zake wasio na msimulizi wakakwama mlangoni.

Mbwa je, waliishia wapi? Kwa sehemu kubwa ya kaskazini, pikipiki za theluji zilizoingia kwenye miaka ya 1960 ziliwaondolea kazi ya kuvuta. Lakini katika maeneo mawili, Kisiwa cha Baffin na jirani zake, na kaskazini mwa Quebec, kuna jambo jingine ambalo Wainuit wenyewe walilisema kwa miaka mingi kabla ya kusikilizwa: kuanzia katikati ya miaka ya 1950 polisi na maofisa wengine waliwapiga risasi mbwa wao kwa wingi. Familia zilikuwa zimehimizwa au kulazimishwa kuhamia kwenye makazi ya serikali ili watoto wasome. Kule sheria ilitaka mbwa wafungwe. Na mbwa wa sleji aliyefungwa siku nzima anakonda na kuwa mkali. Mbwa aliyeonekana huru aliuawa, mara nyingi bila mwenyewe kuelezwa kwa lugha anayoielewa. Mtu akipoteza mbwa wake, hawezi tena kwenda kuwinda. Tume ya ukweli iliyoundwa na Wainuit wa Qikiqtani, yaani eneo la Baffin, ilikusanya ushahidi wao na kutoa ripoti mwaka 2010, na Agosti 2019 serikali ya Kanada iliomba radhi rasmi huko Iqaluit. Mbwa hao hawajaisha. Wapo wanaowafuga, na mbwa wa Kiinuit ndiye mnyama rasmi wa Nunavut tangu 2000. Ila tazama tarehe, dada: Hyde alikuwa anaunganisha filamu yake ya furaha kuhusu mbwa wakati huo huo ambapo, mashariki zaidi, mbwa wa aina ile ile walikuwa wanapigwa risasi.

Kuna jambo la kufurahisha zaidi pia. Televisheni ilipoanza kufika kaskazini kwa setilaiti ya Anik, iliyorushwa 1972, kijiji cha Igloolik kilipiga kura kuikataa, mwaka 1975 na tena 1979. Hawakuwa na chuki na mashine. Walisema haina hata dakika moja ya lugha yao, na itawanyamazisha wazee. (Sisi wa Tanzania Bara, tuliokaa bila televisheni yetu mpaka 1994 wakati Zanzibar walikuwa nayo tangu miaka ya 1970, uamuzi wa namna hiyo haututishi.) Igloolik waliikubali baada ya shirika la utangazaji la Wainuit wenyewe kuanza kurusha vipindi mwaka 1982. Na katika kijiji hicho hicho, kijana mchongaji wa vinyago vya mawe, Zacharias Kunuk, alikuwa ameshakwenda Montreal mwaka 1981 kuuza vinyago vyake na kurudi na kamera ya video. Yeye na wenzake walianzisha kampuni ya Isuma mwaka 1990, na katikati ya miaka hiyo ya 1990 wakatengeneza mfululizo wa televisheni wa sehemu 13, Nunavut, kuhusu familia za Igloolik mwaka 1945. Sehemu 13, sawasawa na za Tuktu. Kuna mbwa, sleji, nyumba za theluji, uwindaji wa sili. Lakini padri yupo, chai ipo, vita vya dunia vinasikika kwa mbali, na wanaozungumza wanazungumza Kiinuktitut, lugha yao wenyewe. Ni maigizo pia, kama yale ya Pelly Bay. Tofauti ni nani alishika kamera na nani aliamua mwaka.

Sasa kwa mwanao. Mwache atazame Tuktu, ila mara ya pili zima sauti. Mwulize: huyu anafanya nini, na anafanya hivi kwa nini? Anza na ile ya samaki, kwa sababu utaielewa kuliko walimu wake: Wanetsilik wanapanga mawe kukatiza mto, samaki wanaingia na kukosa njia ya kutoka, wanaume wanashuka kwenye maji baridi na mikuki ya meno matatu. Ni uzio, kama wanaotega wavuvi wetu wa pwani, umejengwa kwa mawe badala ya fito. Kisha ndiyo umwoneshe ya mbwa. Baada ya hapo mtafutie sehemu moja au mbili za Nunavut ya Kunuk, mkae pamoja, maana zinakwenda taratibu na mtoto aliyezoea katuni atataka mtu wa kumshika.

Na akiuliza tena kama mtamkuta Tuktu, mwambie ukweli. Kugaaruk ni mji mdogo wa watu kama elfu moja, hauna barabara inayofika huko, mnaenda kwa ndege. Nyumba ni za mbao zenye joto, watoto wanakwenda shule na wanapenda hoki kama wenzao wa Winnipeg. Nyumba ya theluji bado inajengwa mtu akiwa safarini kuwinda, au mzee akiwafundisha vijana, na ukimwomba vizuri anayejua kujenga atakueleza ni theluji ya aina gani inafaa na ipi itakuangukia kichwani usiku.